Siwema ni Maneno Mawili

Jina langu lilitamkwa mara ya kwanza saa nane mchana, katika wodi ya wazazi, kitanda cha kumi na moja, mbele ya wanawake watatu. Mama yangu ndiye aliyelitamka. Nesi ndiye aliyeliandika. Wawili waliobaki, bibi yangu mzaa baba na shangazi yangu, ndio waliosemwa, nao walisimama hatua moja tu kutoka pale wasisikie kitu.

Mama akiisimulia habari hii hushusha sauti mpaka leo, hata tukiwa wawili tu jikoni. Kabla hajaanza huinuka kwanza akahakikisha mlango umefungwa. Mimi nitaisema kama nilivyoipokea kwake, kwa baba, na kwa yule nesi ambaye hadi anastaafu alikuwa akija nyumbani kwetu kama ndugu.

Mama alifanya kazi kwa dobi, upande wa pasi. Alipoolewa alihamia kwa mkwewe, nyumba ya vyumba vitatu vilivyopangana kwenye uwanja mmoja wa saruji, na kamba ya nguo ikipita juu yake. Baba alikuwa dereva wa lori. Akiondoka ni wiki mbili, tatu. Kwa hiyo mama aliolewa na baba lakini aliishi na bibi.

Bibi alikuwa mkunga wa mtaa. Nusu ya watoto wa pale walipokelewa na mikono yake, na watu wazima wenye ndevu walimpa shikamoo kwa kichwa kilichoinama. Hakuwa mkali wala mgomvi. Mama anasema hilo ndilo lililomtisha baadaye, kwamba katika miaka yote ile hakuwahi kumsikia akipandisha sauti.

Shangazi, dada yake baba, alikuwa ameolewa na fundi wa mitambo aliyefanya kazi mgodini, mbali, akirudi mara mbili kwa mwaka. Miaka tisa ya ndoa, hana mtoto. Ndugu wa mumewe walishaanza kumrushia maneno ya pembeni, na kulikuwa na msichana wa jirani yao ambaye jina lake lilikuwa linatajwatajwa kupita kiasi.

Mama aliposhika mimba ya kwanza, shangazi naye akatangaza yake. Nyumba nzima ikafurahi. Wakati huo shangazi alikuwa amepanga chumba upande wa pili wa mji, na bibi akakataza wifi hao wawili wasitembeleane. "Mimba mbili hazitazamani," alisema. Mama hakuwahi kuusikia mwiko huo mahali popote, ila nani atabishana na mkunga?

Uchungu ulimshika mama wakati baba yuko safarini. Bibi alimzalisha mwenyewe, chumbani, akampa kikombe cha dawa chungu ya kumtuliza. Mama alimsikia mtoto akilia. Mara moja tu, kilio kirefu chenye nguvu. Kisha macho yakawa mazito. Alipozinduka jua lilikuwa limeshageuka, chumba kimedekiwa, na bibi ameketi kitandani anamsugua miguu.

"Pole, mwanangu. Alizaliwa hana pumzi."

"Mama, nimemsikia akilia."

"Ulikuwa unalia wewe."

Walikuwa wameshazika. Baba aliporudi alionyeshwa kituta kidogo nyuma ya makaburi, akakaa pale mpaka suruali yake ikashika umande. Mama aliendelea kusema alimsikia mtoto. Aliwaambia majirani, akawaambia wenzake kazini. Bibi akampeleka kwa daktari, kwa upole, amemshika mkono, akaeleza kwamba mkwe wake amechanganyikiwa kwa majonzi. Mama akapewa vidonge. Alivimeza miezi mitano, na mtaa mzima ukajua kwamba anavimeza.

Wiki mbili baada ya mazishi hayo shangazi alijifungua. Mtoto wa kike, mzima. Bibi alimleta nyumbani amemfunika vizuri, akamweka mapajani kwa mama.

"Maziwa ya wifi yako yamegoma kutoka. Yako yanamwagika bure. Mnyonyeshe, mwanangu, Mungu atakulipa."

Mama alimnyonyesha miezi minne. Alimnyonyesha mwanawe mwenyewe kwa hisani, akashukuriwa.

*

Miaka mitatu ikapita. Shangazi alikuwa ameshahamia kwa bibi na yule mtoto, chumba cha kushoto. Mtoto alifundishwa kumwita mama Mkazamjomba, yaani mke wa mjomba wake, neno lililoushinda ulimi wake mdogo, akabaki kusema "Kaza." Kaza, nibebe. Kaza, maji. Alivishwa kofia ya kufuma asubuhi na jioni, jua liwake lisiwake. Siku moja mama alimwogesha, akaona kitundu kidogo kama cha sindano pale sikio linapoanzia kichwani. Mama ana kitundu hicho hicho. Nami ninacho.

Alimwonyesha bibi, akicheka. Bibi naye akacheka. "Kwani kitundu hicho umekinunua peke yako?"

Tangu siku ile mtoto akawa anaogeshwa na bibi.

Mama akapata mimba yangu. Alipofika mwezi wa nne, shangazi akatangaza yake. Tumbo la mama likapanda, na tumbo la shangazi likapanda. Wakakaa uwanjani wakichambua mboga, wifi wawili wenye matumbo, na wapita njia wakitania kwamba nyumba hii imeingia mkataba.

Mchana mmoja umeme ulikatika kwa dobi, pasi zikapoa, wafanyakazi wakaruhusiwa. Mama alirudi nyumbani saa sita badala ya saa kumi. Alikuwa amevua viatu mlangoni kwa sababu miguu ilikuwa imemvimba, akapita uwanjani peku. Mlango wa shangazi ulikuwa wazi kiasi cha kiganja. Shangazi alikuwa amesimama kando ya kitanda, amejifunga kanga kiunoni, anajipangusa jasho kifuani. Tumbo lake lilikuwa bapa kama ubao wa pasi. Kitandani kulikuwa na sponji lililokatwa mviringo, limeshonewa kitambaa na kamba mbili za kufungia mgongoni.

Mama anasema hakufikiri neno lolote. Mwili ndio ulioelewa kwanza. Mimi nikageuka ndani yake kama niliyeamshwa. Kisha yakamjia yote kwa mkupuo: kile kilio kimoja, kikombe cha dawa, kofia ya kufuma. Akarudi kinyumenyume mpaka getini.

"Nani huyo?" shangazi akaita.

Mama akagonga geti kama ndiyo kwanza anafika. "Ni mimi, wifi! Leo umeme umetuonea huruma!"

Shangazi akatoka na tumbo lake. Wakakaa wakala.

Baba aliporudi safari ile, mama alimwambia kila kitu, wakiwa ndani ya lori lenyewe, vioo vimepandishwa. Baba aliweka mikono juu ya usukani. Halafu akasema, "Mke wangu, tafadhali. Usianze tena." Akamuuliza kama vile vidonge vimebaki. Baadaye baba alisema hayo ndiyo maneno anayoyajutia kuliko yote aliyowahi kuyatoa kinywani.

Kwa hiyo mama akanyamaza. Mama yake mzazi alikuwa amefariki, ndugu zake walikuwa mbali, na nani angeamini? Kichaa wa vidonge anamsingizia mkunga wa mtaa kwamba ni mwizi wa watoto. Alihesabu wiki zake. Kila bibi alipompapasa tumbo na kusema, "Amekaa vizuri, bado kidogo," mama alitabasamu.

Uchungu ulipoanza hakumwambia mtu. Ilikuwa asubuhi, bibi anafagia, shangazi anamlisha mtoto. Mama akachukua ndoo ya takataka.

"Acha, nitaimwaga mimi," bibi alisema.

"Nanyoosha miguu tu, mama."

Alitembea na ndoo ile mpaka kwenye jalala la mtaa. Akaimwaga. Akaiweka chini taratibu, akaipindua isijae mvua, na akaendelea kutembea. Uchungu ulipombana alishika ukuta wa mtu, ulipomwachia alitembea. Hakugeuka nyuma. Aliogopa kwamba akigeuka atamwona bibi anakuja, hana haraka, amebeba kanga safi.

Hospitali ilikuwa mwendo wa nusu saa. Alifika saa tatu, na saa tano nilizaliwa. Nililia sana, anasema, na kila nilipolia alimshika nesi mkono akamuuliza, "Unamsikia? Sista, na wewe unamsikia?" Nesi akasema ndiyo, mama, tunamsikia sote, hadi barabarani wanamsikia. Mama alitaka kusema zaidi, lakini kulikuwa na wazazi wengine wawili wanaopiga kelele upande wa pili wa pazia, na nesi akaondoka mbio. Mama akanilaza ubavuni, akaifunga ncha ya kanga yake kwenye kifundo cha mguu wangu. Kisha usingizi ukamshinda.

*

Alipofumbua macho, mkono wa bibi ulikuwa juu ya paji lake.

"Pole, mwanangu. Umetutia wasiwasi. Ndoo tumeikuta jalalani."

Ulikuwa muda wa kutazama wagonjwa. Shangazi alisimama upande wa dirisha, tumbo mbele, amenipakata. Lile fundo la kanga lilikuwa limefunguliwa.

"Mzuri," shangazi alisema, hakuinua macho. "Mzuri sana."

Bibi alimimina chai kutoka kwenye chupa, akaikoroga. "Kunywa, upate nguvu. Nimeshaongea nao pale mbele, wananifahamu. Wamesema tunaweza kukuchukua leo leo. Nyumbani nitakuangalia mwenyewe."

Mama akapokea kikombe. Mvuke wake ulikuwa na harufu ya tangawizi, na chini ya tangawizi harufu nyingine. Labda hapakuwa na harufu nyingine. Mpaka leo hana hakika. Kikombe kikapinduka mkononi mwake, chai yote ikamwagika kwenye shuka.

"Si neno," bibi akasema. Akamimina tena.

Wakati huo nesi alifika na daftari kubwa la vizazi. Alikuwa mwanamke mfupi, mpana, aliyechomeka kalamu kwenye nywele. Wodi nzima ilimwita Sista Kalamu.

"Kitanda kumi na moja. Jina la mtoto?"

Bibi alitaja jina la marehemu mama yake.

"Nimemuuliza aliyezaa, bibi."

"Mkwe wangu amechoka. Na hana afya nzuri ya kichwa, sista, muulize daktari wenu. Niandikie mimi."

"Daftari langu linataka sauti ya mama." Sista akamgeukia mama. "Haya, mama. Huyu tumwite nani?"

Mama anasema aliona kwamba huo ndio mlango pekee uliobaki, nao ni mwembamba kama tundu la ufunguo. Akisema "nisaidieni," bibi atatikisa kichwa kwa huruma na kutaja vidonge. Akipiga kelele, ndiyo atakuwa kichaa kweli. Alikuwa na ruhusa ya kusema neno moja tu, jina.

Alipokuwa mdogo, nyumba ya tatu kutoka kwao alikaa kikongwe aliyeitwa Siwema. Watoto walimpenda kwa utani wake. Siku moja mama alimuuliza jina lake maana yake nini, yule kikongwe akacheka. Akasema zamani mwanamke akionewa ndani ya nyumba na hana pa kusemea, alilitia neno lake kwenye jina la mtoto, ili kila anayemwita mtoto amsemee yeye. Ndiyo maana kuna akina Sikudhani, akina Mashaka, akina Siwatu. "Mimi mama yangu aliwatazama waliomzunguka akasema, hawa si wema. Wakaniita hivyo miaka yote wakidhani ni jina tu."

Na kweli, jina likishazoeleka hakuna tena anayelisikia.

"Siwema," mama alisema.

Bibi akakunja uso. "Jina la kizee hilo. La nani?"

"La bibi yangu, mama." Uongo ulitoka bila kukwama.

Sista Kalamu alishaanza kuandika S. Mama akamkazia macho na kulirudia, taratibu, akivuta pumzi katikati.

"Si. Wema."

Kalamu ikasimama. Sista akainua macho. Akamtazama mama, akatazama kikombe kilichojaa, akatazama lile doa kwenye shuka, akamtazama shangazi aliyenikumbatia dirishani. Uso wake haukubadilika hata kidogo. Akauliza kwa sauti ile ile ya kujaza fomu:

"Naandika neno moja au mawili?"

"Mawili, sista."

"Mawili. Haya." Akaandika. "Mzao wa ngapi?"

"Wa pili."

"Wa kwanza yuko wapi?"

"Alikufa," bibi akajibu.

Machozi yalimdondoka mama yenyewe, akawa anatikisa kichwa, kidogo tu, kama mtu anayefukuza nzi.

Sista akafunga daftari. "Kabla ya ruhusa mtoto anapimwa uzito, mama anapimwa presha. Chumba cha ndani. Ndugu mnasubiri hapa."

"Nitambeba mimi," shangazi alisema.

"Ndugu mnasubiri hapa."

Shangazi hakuniachia. Mama anasema walisimama hivyo kwa muda ambao hajui ulikuwa wa kiasi gani, sista amenyoosha mikono, shangazi amenibana kifuani, na vidole vya shangazi vimekuwa vyeupe kwenye maungio. Kisha bibi akasema kwa upole, "Mpe, mwanangu. Anamrudisha sasa hivi." Shangazi akanitoa.

*

Ndani ya chumba cha mizani mama aliongea kama bomba lililopasuka. Sista aliweka kiti nyuma ya mlango, akakaa juu yake, akasikiliza. Kisha akamwita muuguzi mkuu, mwanamke mrefu mwenye miwani, aliyekuja akiwa hana nafasi ya upuuzi.

"Nimeona faili lake," muuguzi mkuu alisema. "Alishatibiwa kwa mawazo. Sista, mzazi mpya anaweza kuona mambo. Yule bibi namfahamu miaka ishirini."

"Naomba utazame kitu kimoja tu," Sista Kalamu alisema. "Yule mwenye tumbo. Anadai miezi minane."

Mlango ulikuwa na kioo kidogo cha mraba. Muuguzi mkuu akasogea. Nje, kwenye korido walikokuwa wamefuata, shangazi alikuwa akitembea huku na huko. Kifuniko cha chupa ya chai kilimponyoka, kikabiringika chini ya benchi. Shangazi akainama kukiokota. Aliinama kuanzia kiunoni, miguu imenyooka, haraka, akainuka na kifuniko bila kushika ukuta wala goti.

Muuguzi mkuu aliubandika uso wake kwenye kioo kile.

"Mungu wangu," alisema. "Hakuna tumbo pale."

Akafunga mlango kwa ufunguo. Akamwita mlinzi, akawapigia polisi, kisha akamwuliza mama namba ya mumewe.

Mama aliijua kwa kichwa, lakini kuitoa kulimtia hofu kuliko yote yaliyotangulia. Baba alikuwa mtoto wa mama yake. Kama angesema tena "usianze," hata hawa wangelegea. Muuguzi mkuu alieleza mwenyewe, kwa maneno machache makavu, simu imewekwa kwenye spika. Baba alikuwa kwenye foleni ya kupakia mzigo nje ya mji. Zilisikika injini za malori. Hakuuliza swali lolote.

"Nakwenda nyumbani kwanza," alisema, na simu ikakatika.

Nyumbani kwa nani? Kwa mkewe au kwa mama yake? Mama alijikunja na mimi kwenye pembe ya chumba, kati ya mizani na kabati, na hakukubali kukaa kitini.

Walipochungulia tena, shangazi hakuwepo. Alikuwa ameona mlinzi akija, akatoka kwa mlango wa jikoni. Bibi alibaki peke yake kwenye benchi, mikono mapajani, chupa ya chai kando yake. Mlinzi alimwambia asiondoke, naye akaitikia kwa adabu. Baada ya muda aliinuka akaja mlangoni. Hakugonga. Aliongea kupitia tundu la ufunguo, sauti ikamfikia mama kama vile amekaa ubavuni mwake.

"Mwanangu, fungua. Wifi yako ana ndoa ya kuokoa. Wewe una kizazi kizuri, nimekishika kwa mikono yangu. Utazaa tena. Unazaa kama unapiga chafya. Kwani nimemtupa mtoto wako? Hukumnyonyesha? Hukumwona akikua mbele ya macho yako kila siku? Ni mama mkwe gani mwingine angekufanyia hivyo?"

Sista Kalamu alimziba mama masikio kwa viganja vyake. Mama aliyasikia yote.

Saa moja na nusu baadaye baba alifika. Shati lilikuwa limechanika bega, na shavuni alikuwa na mikwaruzo minne iliyopangana. Begani kwake alikuwa amembeba dada yangu, hana kofia, analia, akimwita shangazi, "Mama! Mama!" Baba alimkuta shangazi amefunga mizigo, mtoto ameshachukuliwa kwa jirani na kuvishwa viatu. Dakika kumi zaidi na wangekuwa ndani ya basi, na nchi ni pana. Lile sponji lilikuwa sakafuni. Baba anasema aliliruka kwa kuogopa kulikanyaga, kama mtu anayeruka nyoka.

Alisimama mbele ya benchi la bibi.

"Mama. Huyu ni nani?"

"Ni mjukuu wangu," bibi alisema. "Kuna siku niliwahi kukuambia si mjukuu wangu?"

Baba alimwacha pale. Alikuja mlangoni, akaweka paji la uso juu ya kile kioo, akamtazama mke wake kule pembeni. Mama anasema hakusimama, wala hakufungua mlango. Aliogopa. Alimwogopa baba pia. Ilimchukua muda mrefu kumpa sista ishara ya kugeuza ufunguo.

*

Polisi walifukua kile kituta nyuma ya makaburi. Ndani mlikuwa na jiwe lililofungwa kwenye taulo. Miaka mitatu baba alikuwa akienda kupalilia pale. Vipimo vya damu vilisema kile ambacho sikio lilikuwa limeshasema. Bibi alifungwa miaka saba, akatumikia mitano, shangazi mitatu. Mume wa shangazi alikuja kutoka mgodini, akakaa nje ya mahakama siku nzima na mwanasesere mkononi, akaondoka naye.

Sisi tulihama. Mama hakupona hofu yake eti kwa sababu hakimu alisema neno. Mpaka nilipoanza shule nililala nimefungwa kifundo cha mguu kwenye kanga yake. Dada yangu alimwita Kaza hadi alipofika miaka sita, na siku aliyomwita mama kwa mara ya kwanza, neno lilimponyoka tu, alikuwa ameungua kidole. Mama aliitika kisha akaenda kulia chooni.

Mimi jina langu lilinisumbua. Shuleni waliniambia, "Siwema, wewe si mwema?" na nilipojua maana yake kamili lilinisumbua zaidi. Nilipofika miaka kumi na sita nilimwambia mama nataka kulibadilisha. Hakukasirika.

"Libadilishe," alisema. "Limeshafanya kazi niliyolituma."

Nilipata fomu, nikaijaza nusu. Ni dada ndiye aliyeikuta mezani.

"Afadhali," alisema. "Mimi kila nikikuita najisikia namtukana."

Nilimwuliza anamtukana nani, ingawa nilijua.

"Alinikata kucha," dada alisema. "Alinifundisha kuhesabu kwa vifungo. Nikiwa na homa alilala chini sakafuni. Najua alichofanya, usinisimulie. Lakini kwangu hakuwa mbaya, Siwema. Kwangu alikuwa mama."

Tulikaa, yeye upande mmoja wa meza, mimi upande wa pili. Fomu ile sikuimalizia, wala sikuichana. Iko kwenye droo pamoja na vyeti vya shule.

Shangazi anaishi peke yake siku hizi, mji mwingine. Mara mbili kwa mwaka dada huenda kumwona, akakaa siku mbili. Mama hamkatazi. Humwandalia nguo za safari, hunyoosha kola kwa pasi mpaka inasimama, husema, "Msalimie." Basi likishaondoka hukaa kiti cha dirishani, na siku hizo mbili hali chakula, hazungumzi, na ukipita nyuma yake ghafla anashtuka na kushika kifua. Dada ana miaka thelathini na moja na watoto wawili. Kila akirudi, kabla hajaweka begi chini, mama humvuta karibu, humsogeza nywele, na kumtazama sikio.